Mrija Katika Mkono wa Mama Saada

Uvira, mtaa wa Kilibula
Jumapili, baada ya misa

Mama yangu,

Jambo sana. Naanza kwa kukuambia kwamba mimi ni mzima, ili moyo wako utulie kabla mdogo wangu Zawadi hajaendelea kukusomea. Nakula, nalala, naenda kazini. Aliyekaribia kufa si mimi.

Na wewe unaendeleaje? Goti la kushoto linakubali sasa kupanda hadi kanisani, au bado Jumapili unasali nyumbani? Ile dawa ya tansyo, ya kushusha presha, unaimeza kila siku, au unaimeza siku kichwa kinapouma tu? Mwambie mdogo wangu aniandikie ukweli, si yale unayomwambia aandike. Na Zawadi mwenyewe, amekwisha kupata nafasi pale shule ya ushonaji?

Barua hii anakuletea Baba Feza, jirani yangu, ambaye Jumanne anashuka Kalemie na boti ya mizigo kutoka bandari ya Kalundu. Ningeweza kupiga simu. Lakini simu yako inazungumza dakika mbili inakatika, na ukiweka sauti ya nje nusu ya mtaa inasikiliza. Haya ninayotaka kukuambia si ya nusu ya mtaa.

Huku ziwa limepanda tena. Zile nyumba za chini tulizopita pamoja ulipokuja kunitembelea, pale uliponunua samaki wadogo wa ndagala, leo maji yameingia hadi madirishani na watu wamehama. Mimi nilipata chumba juu kidogo, karibu na barabara. Kazi ya kituo cha afya inaendelea, kuanzia saa mbili hadi saa tisa. Tangu miezi miwili iliyopita nilikuwa nafanya kazi nyingine kabla ya saa mbili, na hiyo ndiyo iliyonitia hofu ambayo sikupata kuijua tangu nizaliwe.

Kuna mwanamke anaitwa Mama Saada, ana miaka hamsini na kitu, anauza vitenge sokoni. Anakaa Nyamianda na mume wake Mzee Ramazani na wifi yake Bi Tatu. Ni Waislamu wa zamani wa hapa, mababu zao walifika na biashara ya ziwa, na mpaka leo wana ndugu Kigoma na Dar es Salaam. Mwaka jana pikipiki ilimgonga, akavunjika mguu. Walimtia chuma, kidonda kikaingia uchafu, na mfupa ukaanza kuoza kwa ndani. Ndugu zake wakampeleka Dar es Salaam. Daktari wa huko akasema mfupa unataka antibiotiki ya kupitia mshipa, kila siku, kwa wiki sita. Mishipa ya mikono yake ilikuwa imechoka kwa sindano, haikubali tena. Basi wakamwekea mrija.

Nikueleze huo mrija, Mama, maana hata mimi niliyesomea kazi hii nilikuwa sijawahi kuuona. Ni mpira mwembamba kama tambi. Unaingia kwenye mshipa upande wa ndani wa mkono, juu ya kiwiko, unapita kwapani, unapita chini ya mfupa wa bega, na ncha yake inakomea karibu kabisa na moyo. Nje kinabaki kipande kifupi chenye kifuniko, kimebandikwa plasta ya kuona ndani. Mgonjwa hachomwi tena; dawa inatiwa pale, na dakika hiyohiyo iko kifuani.

Baada ya wiki mbili Mama Saada alikataa kuendelea kukaa ugenini, kwa sababu binti yake, huyo Saada, alikuwa karibu kujifungua. Wakamruhusu arudi na dawa za wiki nne na karatasi tatu za maagizo, zote kwa Kiingereza. Mzee Ramazani akaja kituoni kwetu kuuliza nani anaweza kuja nyumbani kila asubuhi kumtia dawa. Wenzangu wakatazamana. Mimi nikanyoosha mkono. Usiniulize kwa nini. Nadhani nilitaka kuonekana najua.

Kiingereza changu unakijua, ni cha shuleni tu. Nilikaa na Mzee Ramazani, yeye anajua Kiingereza cha biashara, tukasoma neno kwa neno. Osha mikono. Funga mdomo na pua. Sugua kifuniko kwa alkoli. Sukuma maji ya chumvi kidogokidogo, kisha dawa, kisha maji ya chumvi tena. Badilisha plasta kila wiki. Na kulikuwa na mstari uliosema kupima kila siku na kuandika sentimita. Tulielewa kwamba ni kupima kile kipande cha mrija kilicho nje, kuhakikisha hakijavutika. Nikapima. Sentimita tatu, sentimita tatu, sentimita tatu. Niliandika kwenye daftari kwa kalamu nyekundu, na nilijiona mfanyakazi mzuri.

Siku ya tisa ilikuwa Ijumaa. Nilipoingia, Mama Saada alikuwa amekaa kwenye mkeka, anajaribu kuvua pete.

"Mapendo, pete imekataa," akasema. "Tangu jana nataka kuivua nitawadhe, imekataa."

Nikaushika mkono wake, ule wa mrija. Ulikuwa umejaa kidogo, kama uso wa mtu aliyeamka sasa hivi.

"Ameulalia," Bi Tatu akasema kutoka mlangoni. "Minye mwenyewe namuona kila siku kwa macho yangu, analalia upande ule ule."

"Itakuwa hivyo," nikasema.

Mama, maneno hayo mawili nimeyarudia kichwani mara nyingi kuliko sala. Itakuwa hivyo. Bi Tatu alikuwa ameshapasha mafuta ya mawese kwenye kikombe. Akapiga magoti akaanza kuukanda mkono ule kuanzia vidole hadi begani, kwa nguvu za mtu anayempenda mgonjwa wake. Mimi nilikuwa nafunga mfuko wangu, naogopa kuchelewa kazini. Niliona anachofanya na sikumkataza.

Jumamosi nilijua kabla sijamgusa. Mkono ulikuwa umenenepa hadi begani, ngozi inang'aa, rangi yake imekwenda kwenye zambarau. Juu ya bega na juu ya titi la upande ule ilikuwa imejitokeza mishipa midogo ambayo haikuwapo. Alikuwa ameuweka juu ya mto na anauangalia kama mtoto wa mtu mwingine aliyeachiwa amlee.

"Iko nzito," akasema. "Ni kama wamenifungia jiwe."

Nikaosha mikono, nikaunganisha sindano ya maji ya chumvi, nikasukuma. Siku nyingine zote maji yalikuwa yanakwenda hata huyasikii. Siku hiyo yalikuwa kama mlango ambao mtu amekaa nyuma yake. Nikatoka uani nikampigia mwenzangu mmoja wa kazini, mtu aliyefanya kazi miaka mingi kuliko mimi.

"Mpira umeziba tu," akaniambia. "Sukuma kwa nguvu, utafunguka."

Nikarudi ndani, nikasukuma. Mara moja, Mama, na si kwa nguvu zangu zote, lakini nilisukuma. Mama Saada akafumba macho, akasema anasikia kitu kinamvuta shingoni. Nikaacha. Sindano nikaiweka kwenye mkeka.

Ndipo nilipochukua zile karatasi tena. Nikakaa kwenye kizingiti palipo na mwanga na kuzisoma peke yangu, polepole, nikitafuta kila neno kwenye kamusi ya simu. Ule mstari wa kupima haukuzungumzia mrija peke yake. Ulisema mkono. Upime unene wa mkono juu ya kiwiko siku ya kwanza na kila siku, na ukizidi, usingoje. Chini yake yaliandikwa maneno mengine ambayo mwanzoni tuliyapita haraka kwa sababu yalikuwa marefu: damu kuganda ndani ya mshipa.

Bi Tatu ana mashine ya kushona. Nikamwomba mita yake ya kupimia nguo. Kipimo cha siku ya kwanza sikuwa nacho, kwa hiyo nilipima mikono yote miwili nilinganishe. Mkono mzima ulikuwa sentimita ishirini na nane. Ule wa mrija, thelathini na tatu na nusu. Siku tisa nilikuwa nikipima plastiki, na mtu mwenyewe alikuwa akivimba mbele yangu.

"Uitoe," Bi Tatu akasema. "Hiyo kitu ndiyo inamuua. Uitoe sasa."

Mzee Ramazani alikuwa amesimama karibu na pazia, tasbihi mkononi. "Mapendo, weye ndiye unajua," akasema. "Tuitoe?"

Ningependa kukuambia kwamba nilikataa. Ukweli ni kwamba nilikwisha kunyanyua kona ya plasta kwa ukucha. Nilitaka ule mrija utoke, nilitaka uwe mbali na mimi, nilitaka kwenda nyumbani. Kilichonizuia ni namba ya simu iliyokuwa chini ya ukurasa wa tatu. Nikaipiga mara nne. Mara ya nne akajibu mwanamke, sauti tulivu, Kiswahili cha pwani. Alikuwa muuguzi wa ile hospitali ya Dar es Salaam. Nikamweleza yote haraka haraka, na pale nilipofika kwenye kukanda na kusukuma sikuficha.

"Dada, nisikilize," akasema. "Usiutoe. Usimruhusu mtu aukande mkono. Usisukume tena chochote humo. Bonge la damu limeushika mpira, na likikatika linasafiri hadi kwenye mapafu. Anatakiwa apigwe picha ya mshipa leo, siyo kesho. Anapumuaje?"

Nikageuka. "Mama Saada, unapumua vizuri?"

Akaweka mkono wake mzima chini ya mbavu. "Nikivuta pumzi, hapa inachoma. Tangu alfajiri. Nilifikiri ni gesi."

Niliyarudia maneno hayo kwenye simu. Yule dada akanikatiza. "Nendeni sasa hivi," akasema.

Hapa Uvira mashine ya picha ipo, lakini mtu anayejua kusoma mishipa ya damu hatukumpata siku ile. Ilibaki Bujumbura. Wewe unajua si mbali, siku nyingine ni safari ya kwenda sokoni na kurudi. Siku hiyo ilikuwa mwisho wa dunia. Mzee Ramazani alipata teksi, tukambeba Mama Saada kwenye kiti hadi garini, nami nikakaa nyuma pamoja naye, mkono wake juu ya mapaja yangu kwenye mto. Nilikuwa nimemwambia dereva aende polepole kwa sababu ya mashimo, na kila alipokwenda polepole nilitaka kumwambia akimbie.

Nilikuwa nahesabu pumzi zake kwa saa yangu. Ishirini na sita kwa dakika. Ishirini na nane. Tulipofika mpakani Kavimvira, thelathini.

Pale mpakani kuna askari mmoja alikuja dirishani. "Kila muntu anashuka na kitambulisho mkononi," akasema. "Hata mugonjwa."

"Huyu hawezi kushuka, afande," nikamwambia.

"Iko na nini? Naona ni mkono. Si anatembea na miguu?"

Sikujua sauti yangu ilitoka wapi. Nikamwambia, "Ana damu imeganda kwenye mshipa. Akisimama inaweza kukatika, aanguke hapa mbele ya miguu yako. Minye sitaweza kumwinua, na weye utaandika ripoti." Akainama, akamwona Mama Saada alivyokuwa anavuta hewa kwa midomo iliyokauka, akauona na ule mkono. Alichukua karatasi zetu zote, akaingia nazo ofisini, akazirudisha zimepigwa muhuri.

Baada ya mpaka, maeneo ya Gatumba, maji yalikuwa yamefunika barabara. Magari yalipita moja moja. Tukangoja foleni na mawimbi madogo yakigonga mlango. Hapo ndipo Mama Saada alipofungua macho.

"Mapendo."

"Minye hapa, Mama."

"Nikifia upande huu, usiwaache wanilaze huku. Karatasi za kumvusha maiti zinachukua siku nyingi. Unirudishe garini hivi hivi nimekaa, unifunike kitenge, useme nimelala. Nataka kuzikwa Uvira."

Mzee Ramazani alikuwa kiti cha mbele na alisikia kila neno. Mabega yake yalianza kutikisika, hakugeuka. Mimi nikamwambia, "Utarudi ukiwa macho." Nilisema tu. Sikuwa na sababu hata moja ya kusema hivyo. Thelathini na mbili kwa dakika, Mama, na midomo ilikuwa imeanza kubadilika.

Hospitali walimpokea mbio na kumtia oksijeni puani. Daktari alikuwa mwanamke mfupi wa makamo, mwenye miwani iliyofungwa kamba. Akaweka kichwa cha mashine ya picha juu ya mkono, akaniita niangalie. Mshipa mzima, akasema, ukiubonyeza unalala kama hosi isiyo na maji. Akaubonyeza ule wa mkono mzima, ukalala. Akabonyeza ule wa mrija. Haukulala. Akapanda nao juu, kwapani, chini ya mfupa wa bega. Njia nzima haukulala. Ulikuwa umejaa. Baadaye walimpeleka kwenye mashine nyingine kubwa, wakaona kwamba kipande kidogo kilikuwa kimekwisha kukatika na kimefika kwenye pafu la kulia.

Niliona nikae na siri yangu, kisha nikaona siwezi. Nikamfuata daktari kwenye veranda, nikamwambia: nilipima mrija tu siku tisa, niliacha akandwe mafuta, nilisukuma.

Alinisikiliza hadi mwisho. "Damu ilianza kuganda kabla hujasukuma," akasema. "Mpira wenyewe unafanya hivyo kwa watu wengine, hata hospitali kubwa, hata kwa waliopimwa kila siku. Lakini kusukuma na kukanda vingeweza kumuua. Vyote viwili nakuambia kwa sababu vyote ni kweli."

Sikulia. Nilitaka anitukane, na hakunitukana, na hiyo ilikuwa mbaya zaidi.

Kitu kingine kilinishangaza: hawakuutoa mrija. Nilifikiri kitu cha kwanza watakachofanya ni kuuvuta. Daktari alisema ncha yake iko mahali pake, dawa bado inapita, ingawa polepole, na mfupa bado unahitaji dawa; wakiutoa leo watalazimika kuweka mwingine mkono wa pili, na huo nao utagandisha. Kwa hiyo alianza kumchoma sindano za tumboni za kuzuia damu isizidi kuganda, na akasema baadaye atameza vidonge miezi mitatu au zaidi. Bonge lenyewe, mwili utaliyeyusha polepole.

Ni hapo Mzee Ramazani alipouliza swali aliloliweka moyoni tangu asubuhi. "Dokta, nisamehe. Haiwezi kuwa ni kurogwa, mkono wa muntu? Sokoni kuna watu hawampendi mke wangu."

Daktari akavua miwani. "Hapana, Mzee. Ni ugonjwa, una jina lake. Hauhitaji hata mpira. Mtu anavunjika mguu, anafungwa plasta ngumu, analala wiki tatu. Mguu unavimba, wanasema plasta imebana. Siku moja anaamka kwenda kuoga, anashika kifua, anaanguka. Kisha familia inaanza kutafuta nani alimpikia."

Mama, niliposikia hayo nilitoka nje nikakaa kwenye ngazi. Nitakuambia kwa nini.

Lakini kwanza nimalize habari ya Mama Saada. Alilala Bujumbura siku kumi. Siku ya nne alianza kupumua bila oksijeni. Siku ya sita pete ilitoka yenyewe akioga, akaicheka. Alirudi Nyamianda akiwa macho, na mjukuu wake alikuwa amezaliwa siku mbili kabla, msichana. Nilimwambia Mzee Ramazani atafute mtu mwingine wa kuendelea na dawa. Mama Saada mwenyewe akakataa. Alinitumia ujumbe: "Nataka yule anayeogopa."

Basi niliendelea, na niliogopa kila asubuhi. Nilikuwa nikifika mlangoni nasimama kwanza nisikilize kama anaongea. Napima mikono yote miwili, naandika. Thelathini na tatu. Thelathini na mbili. Siku tatu namba ilikataa kushuka, na siku hizo tatu sikuweza kula. Bi Tatu hakugusa tena mafuta, alikuwa anakaa kando na kuniangalia, na siku moja akaniuliza kwa sauti ndogo, "Ni minye nilimpeleka karibu na kaburi?" Nikamwambia tulikuwa wawili. Namba ilishuka hadi ishirini na tisa, ikabaki hapo.

Wiki sita zilipotimia tulirudi Bujumbura kuutoa mrija. Nilifikiri nimekwenda kumsindikiza tu. Yule daktari akavaa glavu, kisha akanipa mimi jozi nyingine.

"Vuta weye," akasema. "Minye nasimama hapa."

Nikavuta kidogokidogo, kama alivyonionyesha, sentimita mbili, napumzika, sentimita mbili. Katikati ulikataa. Nilihisi kizuizi kile kile cha Jumamosi ile, na jasho likaniingia machoni. Daktari hakunipokonya. Alisema, "Usishindane nao," akaweka kitambaa cha maji ya moto juu ya mkono, tukangoja robo saa nzima. Nilipoushika tena ulikuja wote. Tukaulaza juu ya meza, tukaupima kwa rula: sentimita arobaini na moja, sawasawa na ilivyoandikwa Dar es Salaam. Hakuna kipande kilichobaki ndani. Mama Saada akauliza kama anaweza kuuona. Akauangalia muda mrefu, akasema, "Kitu hiki kidogo." Sasa anameza vidonge vyake, mguu unapona, na juzi alikaa sokoni nusu siku.

Sasa, Zawadi, funga mlango, kisha umsomee Mama polepole.

Mama, Baba alipoanguka kutoka kwenye paa la shule walimfunga plasta kuanzia paja hadi kisigino. Alilala wiki tatu. Nakumbuka vidole vyake vya mguu vilivyovimba, na sisi tukisema plasta imebana. Nakumbuka asubuhi ile Shangazi Stella alimletea sombe ya majani ya muhogo na samaki, Baba akala vizuri, akasema anataka kwenda kuoga mwenyewe. Alifika mlangoni. Alishika kifua. Wewe ndiye uliyemdaka.

Watu walisema ni sombe ya dada yake, kwamba walikuwa na maneno juu ya kiwanja cha babu. Jioni ile hapakuwa na mtu mmoja aliyemtetea. Mimi nilikuwa na miaka kumi na saba, na ni mimi niliyelichukua bakuli lake nikalitupa nyuma yake akiwa anaondoka, likapasuka karibu na miguu yake. Hakugeuka. Alirudi kijijini upande wa Moba, na kwa miaka kumi na moja hakuna aliyemtumia hata salamu.

Siku tulipoutoa mrija nilimuuliza daktari, tukiwa wawili tu. Aliniuliza: alikuwa na plasta? Mguu ulivimba? Alishika kifua? Nikajibu ndiyo, ndiyo, ndiyo. Akasema hawezi kuapa kwa mtu ambaye hakumpima, na mimi pia siapi. Lakini nimekaa garini na Mama Saada, nimeona jinsi inavyomchukua mtu, na ninaamini tulimwona Baba akifa kwa kitu hicho hicho. Hakuna aliyempa Baba chochote.

Hofu ya Gatumba imepungua. Hii imekaa. Naogopa kwamba Shangazi alikuwa akijiuliza miaka yote hii kama kweli kuna kitu katika chakula chake. Naogopa atakufa akijiuliza. Ana umri wako, au zaidi. Najua Mama nakuomba jambo gumu, kwa sababu wewe ndiwe uliyebaki mjane, na hasira ile ilikusaidia kusimama. Sikulaumu. Nami nilisimama kwayo.

Nisalimie Zawadi kwanza, aliyesoma haya yote kwa sauti. Nisalimie kaka yangu Yuma na mke wake, na watoto wao ambao sijawaona. Nisalimie babu mdogo, mdogo wa Bibi, mwambie nilipata kitambaa chake cha kofia na kitakuja na boti nyingine. Nisalimie jirani yetu mkunga, aliyenipa kitabu changu cha kwanza cha uuguzi. Na wewe, mguu wako mmoja ukivimba kuliko mwingine hata siku moja, mtu asiukande. Nenda hospitali siku hiyohiyo.

Salamu moja imebaki, ya Shangazi Stella. Mwambie Mapendo anaomba msamaha kwa bakuli. Hiyo usimpe mtu kuipeleka, Mama. Uipeleke mwenyewe, na ukifika, kama atakupikia, ule.

Binti yako mkubwa, anayekukumbuka kila siku,
Mapendo